Orkestra ikitoka ukumbini ikakaa kwenye nyasi

Jumapili moja ya Januari nimekaa zangu kwenye nyasi za bustani ya Kirstenbosch pale Cape Town, chini nimetandika kanga, na mbele yangu wanapita kanga, yani ndege wenyewe wenye madoadoa, wanadonoa makombo ya watu bila wasiwasi utadhani na wao wamekata tiketi. Kule chini jukwaani wapiga fidla wanalinganisha nyuzi. Mtoto wa jirani yangu anajiviringisha kwenye mteremko kama pipa, mama yake anakata tikiti maji, mzee mmoja kofia kaivuta mpaka puani kalala fofofo na bado hata kipande cha kwanza hakijapigwa. Nikajiuliza hivi hawa watu wamekuja kusikiliza au wamekuja kula. Nimerudi pale mara kadhaa katika miaka yangu ya kuishi mji ule na mwisho nikagundua swali langu ndo lilikuwa bovu.

Wako watu wanaoujua muziki huu vizuri, wengine ni walimu kabisa, wanaudharau huu wa bustanini, wanauita muziki wa pikniki. Kwao kitu halisi kinapatikana ukumbini, kimya, taa zimefifishwa, kila mtu mbele anaangalia, na huku nje ni kuburudisha familia tu na watalii. Mi naona kinyume. Naona orkestra ikikaa kwenye nyasi ndo inarudi kwao, na kilichoharibika bustanini sio muziki, ni mambo mengine ambayo nitayafikia. Sijifanyi mtaalam hapa, noti za muziki sisomi hata moja, mi ni mtoto wa Tanga niliyelelewa na shangazi mpenda taarab, bas.

Lakini taarab hiyohiyo ndo inanipa mdomo wa kuongea. Watu wengi wa pwani wakisikia neno orkestra wanafikiria kitu cha kizungu cha mbali sana, wakati sisi orkestra tunayo tangu enzi za Sultani Barghash, aliyetawala Zanzibar kuanzia 1870 mpaka 1888, na ambaye alimtuma Mohamed Ibrahim aende Cairo akajifunze kanuni, ile ala ya nyuzi nyingi. Kikundi cha taarab cha Nadi Ikhwan Safaa kilianzishwa 1905 na kipo mpaka leo. Safu ya fidla, cello, besi, nai, udi, kanuni, hiyo ni orkestra kamili, ukitaka kubisha kabishane na shangazi yangu. Tanga tulikuwa na vikundi vya Black Star na Lucky Star. Na kwenye taarab hakuna aliyewahi kumwambia mtu akae kimya. Beti ikimgusa mtu anainuka, anatembea taratibu mpaka mbele na noti mkononi, anamtunza mwimbaji, anazunguka kidogo ili yule anayemsema amuone vizuri, anarudi kukaa. Shangazi alikuwa na uwezo wa kutunza mara tatu kwa wimbo mmoja na kila mara kwa sababu tofauti. Kwetu kusikiliza ni kazi ya mwili mzima, masikio yanaanza tu.

Sa mtu wa namna hiyo umpeleke ukumbini. Mara yangu ya kwanza kwenye ukumbi mmoja wa mjini walimaliza kipande cha kwanza kwa kishindo cha tarumbeta na ngoma, nikapiga makofi kwa moyo wangu wote, kumbe wimbo ulikuwa haujaisha, una vipande vinne na makofi ni mwisho wa cha nne. Nilipiga mwenyewe kama mara sita hivi. Mama wa mbele aligeuka akanitazama kwa upole, ule upole wa kumtazama mtoto aliyejikojolea. Nilitamani kiti kinimeze. Tangu hapo vipande vyote vilivyobaki sikusikiliza muziki, nilikuwa nahesabu.

Nilikuja kusoma baadae kwamba hii adabu ya ukimya wala sio ya zamani kiasi hicho. Mwaka 1778 simfoni ya mtunzi Mozart, yani wimbo mrefu wa orkestra wenye vipande kadhaa, ilipigwa Paris, akamwandikia baba yake kwamba katikati kabisa ya kipande cha kwanza kuna mahali alijua watu watapapenda na kweli wakapiga makofi muziki ukiwa unaendelea, na yeye akafurahi kweli, tena ilipoisha akatoka akaenda Palais Royal kula aiskrimu. Mtu mwenyewe aliyetunga alitaka makofi katikati! Ni karne ya 19 inaelekea mwishoni, hapo kina Wagner, mtunzi Mjerumani, na ukumbi wake wa Bayreuth uliofunguliwa 1876 na taa zake za kufifishwa, ndo kusikiliza kukaanza kufanana na ibada. Kabla ya hapo muziki wa orkestra ulikuwa unatembea na watu, kwenye harusi, kwenye ua, kwenye mabustani ya starehe. London kulikuwa na bustani za Vauxhall, unalipa shilingi yako unaingia, kuna miti, kuna taa, kuna chakula cha bei mbaya, na kuna orkestra. Aprili 1749 mtunzi Handel alifanyia pale mazoezi ya muziki wake wa fataki za mfalme na habari za wakati ule zinataja watu 12,000, wakasababisha foleni ya magari ya farasi ya masaa matatu kwenye daraja la London. Mazoezi tu hayo wadau, shughuli yenyewe bado.

Kwa hiyo mtu akiniambia bustani ni toleo la bei rahisi la ukumbi namwambia angalia tarehe vizuri.

Lakini tuwe wakweli, kisauti nje kuna hasara na mpenzi wa ukumbi akianza kuzitaja hautamshinda. Ukumbini sauti inagonga ukuta, dari, inakurudia, hivo hata fidla moja inajaa chumba. Nje ikitoka imetoka, inaenda zake juu kwa ndege. Fidla ndo zinaumia zaidi, tarumbeta zinajitetea. Ndo maana lazima waweke vipaza sauti, na kipaza sauti kikishaingia unasikia orkestra kupitia spika, mtu wa mitambo akiwa hana sikio zuri basi ala 70 zinageuka redio kubwa. Halafu mwendo wa sauti ni kama mita 343 kwa sekunde, ukikaa mita 70 kutoka jukwaani unamuona mpiga ngoma anapiga na mlio unakufikia baadae kidogo, moja ya tano ya sekunde, kidogo hivo lakini jicho linaona. Upepo nao ni balaa. Cape Town majira ya joto kuna ule upepo wa kusini mashariki wanauita Daktari, ukiamua kuvuma wingu linamwagika juu ya mlima kama maziwa yaliyochemka yakafurika sufuria. Wanamuziki wanabana karatasi zao na vibanio vya nguo, ndio, vilevile vya kuanikia. Nimemuona mpiga cello anageuza ukurasa kwa mkono mmoja huku kashika kibanio mdomoni na uso wake haukubadilika hata kidogo, nikasema huyu dada alipwe mara mbili. Na jua likiondoka hewa ya kwenye filimbi na tarumbeta inapoa mlio unashuka, wakati nyuzi zikipoa zinajikaza zinapanda, kwa hiyo nusu ya orkestra inaenda chini nusu inaenda juu na inabidi wakutane njiani.

Ila kuna kitu cha jioni ambacho ukumbi hauna na hautakaa uwe nacho. Mchana ardhi ina moto, hewa ya chini ni ya moto kuliko ya juu, na sauti inapinda kwenda juu inakupita. Jioni ardhi ikipoa mambo yanageuka, hewa baridi inakaa chini, ya vuguvugu inakaa juu, sauti inapinda kurudi chini na kufika mbali zaidi. Ndo maana adhana ya alfajiri unaisikia mpaka ya msikiti wa mtaa wa tatu na ya adhuhuri unaisikia ya hapo jirani tu. Basi bustanini ukianza kusikiliza saa kumi na moja na nusu mpaka inafika saa moja na nusu ni kama mtu kafungua dirisha, fidla zilizokuwa zinapotea zinaanza kufika zenyewe. Mara ya kwanza nilidhani fundi mitambo kaongeza. Hapo ndo nilianza kuelewa kwamba bustanini haupewi sauti iliyokwisha pikwa, unakaa unaingojea iive.

Na hii ya jioni ndefu ndo siri yenyewe ya biashara nzima, watu hawaisemi sana. Sisi wa karibu na Ikweta hatuna majira ya joto kwa maana yao, na zaidi ya hapo hatuna jioni. Tanga jua linazama saa kumi na mbili na kitu mwaka mzima, dakika 20 na ushee baadae giza totoro na mbu washaingia kazini. Cape Town ipo nyuzi 34 kusini, Januari jua linazama kama saa mbili usiku, Juni linazama hata saa kumi na mbili haijafika. Mtu aliyefungiwa na baridi na mvua miezi yote ile akipewa jioni ya masaa matatu yenye mwanga wa dhahabu lazima atafute pa kuipeleka. Kirstenbosch wanaitumia Jumapili, kuanzia mwishoni mwa Novemba mpaka mwanzoni mwa Aprili, ni desturi ya tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990. Jumapili nyingi ni bendi, jazz, pop, akina mama wakongwe wa Afrika Kusini wenye sauti za kutetemesha mlima, na ikifika zamu ya Cape Town Philharmonic, orkestra ya mji iliyoanzishwa 1914, ndo siku ninayoisema mimi. Tena pale mlima una tabia yake. Bustani iko upande wa mashariki wa Table Mountain, kwa hiyo jua halisubiri kuzama baharini, linamezwa na mlima mapema, kivuli kinashuka kwenye nyasi mbele ya macho yako kama mtu anavuta shuka, na kila kinapopita unaona watu wanavaa masweta, safu kwa safu, kutoka juu kwenda chini. Mwisho kinafika jukwaani. Niliwahi kukaa kipande kizima natazama masweta tu na nikirudi kichwani muziki wake naukumbuka wote, jambo ambalo ukumbini halijanitokea.

Hapa ndo hoja yangu ilipo. Ukumbini unalazimishwa kusikiliza kwa kuondolewa vitu vingine vyote. Bustanini vitu vyote vipo, mtoto, kanga, tikiti maji, harufu ya majani yaliyokanyagwa, na muziki inabidi uutafute mwenyewe katikati ya hivyo, ukiupata umeupata kweli. Wapo wanaopitwa, sikatai, yule mzee wa kofia pengine alipitwa na kila kitu. Lakini nimewaona watu wakikatiza sentensi katikati, glasi imeishia hewani, kwa sababu obo moja, ile ala kama zumari, imeanza peke yake. Hakuna aliyewaambia kimya. Mteremko mzima watu elfu kadhaa wananyamaza wenyewe kwa dakika mbili halafu maongezi yanarudi taratibu. Ukimya wa namna ile ni sawa na tunzo, umetolewa, haukudaiwa. Shangazi angeelewa palepale, angeinuka na noti, na angekuwa sahihi.

Uchaguzi wa nyimbo ndo sehemu ninayokubaliana na wapinzani. Waandaaji wanawaogopa watu wa nyasi. Wanatuwekea vipande vifupi vifupi vinavyojulikana, muziki wa sinema, na mwisho lazima kitu cha mizinga na kelele, ile ya Tchaikovsky ya 1812 imepigwa kwenye mabustani ya dunia mpaka nadhani miti imeshaikariri. Wanatuona hatuna subira. Mtu aliyekaa masaa manne kwenye nyasi, akasubiri foleni ya choo cha bustani, akakubali kuumwa na siafu, huyo humwamini kwamba atavumilia kipande cha polepole cha dakika 15? Vipande vya polepole ndo vinapendeza nje kuliko vyote, hasa ile saa ya kivuli.

Na bustani yenyewe sio pambo la nyuma. Kirstenbosch ilianzishwa 1913 kwa ajili ya mimea ya Afrika Kusini yenyewe, sio bustani ya kukusanya maua ya dunia kama zile za wakoloni nyingi. Mwanzilishi wake Harold Pearson alikufa 1916, miaka mitatu tu baada ya kuanza, na kazikwa humohumo. Cha kwanza alichopanda kwa mpango ni saikadi, ile mimea inayofanana na mitende mifupi migumu, ya zamani kuliko maua. Mmoja wao wanamwita Woodii, alipatikana 1895 kwenye msitu wa oNgoye kule Natal, mti mmoja wa kiume, na mpaka leo jike lake halijaonekana popote duniani, yote unayoiona kwenye mabustani ni vipande vya dume lilelile. Kabla ya muziki kuanza huwa napita kumsalimia. Bachela wa miaka zaidi ya 100, halafu jioni wanampigia fidla za mapenzi, kama sio uchokozi ni nini. Saikadi zina bei haswa, mwaka 2014 wezi waliingia Kirstenbosch wakang'oa zaidi ya 20 za aina nyingine iliyo hatarini.

Sasa nifike kwenye yale niliyosema yameharibika.

Ndani ya bustani hiyohiyo kuna ua wa miti ya mlozi mwitu. Ukiupita bila kusoma kibao utaona vichaka tu vya zamani vimejilalia. Ule ua aliupanda Van Riebeeck, mkuu wa Waholanzi pale Cape, mwaka 1660 ili kuwazuia Wakhoi na ng'ombe wao wasiingie kwenye eneo la Kampuni ya Waholanzi. Sehemu yake bado hai, bado inatoa majani. Baadae ardhi ilipita kwa huyu na yule ikafika kwa Cecil Rhodes, aliyeinunua 1895 na alipokufa 1902 akaiachia serikali. Na miaka ya 1960 familia za mtaa wa Protea Village, hapo nje tu ya bustani, wengine walikuwa wafanyakazi wa bustani yenyewe, walihamishwa kwa sheria ya kugawa maeneo kwa rangi wakapelekwa mbali huko Cape Flats. Kanisa lao la mawe bado lipo, na kuna waumini waliokuwa wanarudi kila Jumapili kuja kusali pale kutoka walikotupwa. Jumapili hiyohiyo ambayo jioni yake sisi tunatandika kanga.

Sasa ukae kwenye nyasi ukiwa unayajua haya halafu uangalie waliokuzunguka. Watu wa rangi zote wapo, nisiseme uongo, na wanazidi kuwepo, lakini huhitaji takwimu kuona ni tabaka gani limejaa. Tiketi ni ya kulipia na inaisha mapema. Usafiri wa umma wa Jumapili usiku kutoka upande ule ni wa kubahatisha, mwenye gari ndo mwenye tamasha. Kapu lile la pikniki lenyewe ni ujumbe, kuna familia pale zinakuja na meza za kukunja na glasi za miguu mirefu, mimi na kanga yangu na chupa ya chai nikawa najihisi nimevamia harusi. Naelewa bustani inahitaji hela, kulinda mimea ya namna ile sio mchezo, na tamasha linaisaidia. Lakini hapa ndo wale wanaosema muziki wa bustanini ni wa watu wote wanapojidanganya. Nyasi hazina ngazi wala mlango wa marumaru, ila geti zinayo.

Na inawezekana kufanya vingine, sio ndoto. Melbourne kule Australia kulikuwa na mtu anaitwa Sidney Myer, Myahudi aliyezaliwa Krichev, leo ni Belarus, akafika Australia 1899 Kiingereza hajui, akaanza kama machinga, anatembeza soksi na vitambaa vijijini, mwisho akawa na maduka makubwa kuliko yote mjini. Mwaka 1929 alilipia orkestra ipige bure kwenye bustani ya mimea ya Melbourne, Bernard Heinze akiongoza, watu wakaja na mashuka yao. Alikufa 1934 lakini hela aliyoiacha ikaendelea kufanya kazi, 1959 likafunguliwa jukwaa la wazi lenye jina lake hapo jirani na bustani, paa lake ni kama turubai kubwa la plywood na alumini lililovutwa kwa kamba za chuma, na mteremko wa nyasi unaobeba watu kama 10,000. Mpaka leo Melbourne Symphony inapiga pale bure kila majira ya joto. Singapore nao bustani yao ya mimea, ile ya 1859, ina jukwaa katikati ya ziwa dogo na orkestra ya nchi hupiga bure, na Singapore ni Ikweta kabisa, mvua, joto, mbu, giza la saa moja, sawa na sisi. Kwa hiyo ile hadithi yangu ya jioni ndefu isiwe kisingizio, nimeisema na nairudisha nusu.

Tofauti ya bure na ya kulipia haiko kwenye idadi ya watu tu, iko kwenye usikilizaji wenyewe. Aliyelipa anakaa mpaka mwisho hata kama amechoka kwa sababu hela yake imo humo. Wa bure anapita, anasikia kitu, anasimama dakika tano, anaondoka au anakaa. Ukimya wa obo ukitolewa na mtu aliyekuwa na uhuru wa kuondoka una uzito mwingine kabisa. Zanzibar pale Forodhani, bustani iliyotengenezwa 1936 kwa jubilee ya Sultani Khalifa, watu wanapita na miwa yao na zanzibar pizza yao, na taarab ikipigwa kwenye hewa ya baharini wanafanya hivohivo, anayesimama anasimama. Dar tuna bustani ya mimea ya tangu 1893, pembeni ya makumbusho, tausi wanazurura humo, kivuli cha bure katikati ya mji, na Tanga juu kule Amani tuna nyingine ya 1902 yenye miti ya dunia nzima, na jioni zote zinafungwa kimya. Fidla tunazo, wapigaji tunao, wazee wa kanuni wamebaki wachache lakini wapo. Sijui tunasubiri majira gani ya joto.

Jumapili yangu ya mwisho Cape Town tiketi zilikuwa zimeisha. Nilikuwa nimefika mpaka getini kwa miguu kutoka kwa rafiki, nikaona nisirudi bure, nikakaa kwenye ukingo wa barabara magari yalipopaki. Alikuwepo kaka mmoja mlinda magari, kavaa kizibao cha njano, nikamsikia anaongea na simu Kiswahili cha Kivu. Nikamsalimia tukaongea, katoka Bukavu, yuko pale miaka mingi, na Jumapili za muziki ndo siku zake nzuri. Nikamuuliza kwani huku nje unasikia chochote.

"Mukubwa, mi nasikiaka yote," akasema. "Batri njo inafikaka ya kwanza. Violon zinapoteaka mu miti. Ngojea kidogo, baridi ikianza, violon nazo zitakuya."

Batri kwao ni ngoma, violon ni fidla. Nikamwambia kuna sababu yake ya kisayansi, akaniangalia kama nimemuambia maji yanalowesha. Tukakaa. Ngoma zilikuwa zinafika kweli, na besi, nzito kutoka upande wa pili wa miti, na tarumbeta ikipanda unaipata vipande. Yeye kila mara anainuka kumwelekeza mtu aliyechelewa, "kuya, kuya, kata mukono, simama," anarudi. Kama saa mbili kasoro hivi mlima ulishageuka mweusi na kweli zikaja, nyembamba kama uzi, kitu cha polepole, kile wanachotunyima siku nyingi. Akanyanyua kidole kunionesha. Akakishikilia hivohivo hewani mpaka mwisho, wala hatukuongea.

Makofi yalipoanza kule ndani nikatoa randi 20 nikampa. Akacheka, akauliza gari yako njo ya wapi.